Nilivyofika Kabambare Nimemkumbatia Mkwe Wangu

Ndugu zangu wa kwaya, na ninyi wa sokoni hapa Kasongo mnaojifanya hamkuona kitu: nimerudi, nimelala siku tatu, miguu imepona, sasa naandika. Mmeniuliza mno. Mama Sidonia ameniuliza hata nikiwa naoga, kupitia ukuta wa majani. Wengine hamkuuliza, mlitosheka kukonyezana. Mwalimu wa zamani, mama wa kanisa, mwanamke mwenye wajukuu, kuonekana amekaa nyuma ya pikipiki ya mume wa binti yake, mikono imemzunguka tumbo, mchana kweupe! Haya, vuteni viti. Nitasimulia kwa kufuata njia, na atakayetaka kunihukumu mwishoni aje na jagi la maji kwanza.

Simu zilizopigwa kabla ya safari na karatasi zilizooneshwa kwenye vizuizi nawasamehe. Jueni jambo moja tu. Feza, kitinda mimba wangu, alikuwa amefikisha miezi tisa kule Kabambare. Mwaka juzi alizaa mtoto ambaye hakulia. Mimi nilikuwa hapa na mzigo wangu umefungwa, nangoja barabara ikauke, maana mvua kubwa ilikuja katikati ya kiangazi, wakati ambao tangu utoto wangu hatukuwa tukiona hata wingu. Alizaa bila mimi, akazika bila mimi. Safari hii nilimwapia kwa simu: "Feza, nitakushika mkono mimi mwenyewe, hata nikitambaa."

Basi mvua iliyotuharibia mwaka juzi ikaamua mwaka huu isije kabisa. Tulikuwa mwezi wa kumi. Zamani, mwezi huo ungekuta matope mpaka magotini. Sasa vumbi tupu, na jua kali tangu saa moja asubuhi.

Kutoka Kasongo: sahani mbili, nyumba moja

Mkwe wangu ni Mbangubangu, kabila la kule Kabambare, Mwislamu, mtu wa sauti ndogo na mabega makubwa. Alilelewa na bibi yake, na yule bibi alimlea kwa desturi za zamani. Kwetu na kwao desturi ni moja: mume na mama wa mke wanaheshimiana mpaka heshima inauma. Hatutajani majina. Hatugusani. Yeye hali wala hanywi mbele yangu, hata maji, na mimi hivyo hivyo mbele yake. Vijana wengi wa mjini wameshaiacha, sisi bado. Ndiyo maana jina lake sitaliandika. Karatasi hii najua itazunguka.

Kwa sababu hiyo alikuja kunichukua na pikipiki mbili. Moja yake mwenyewe, kwa mizigo: mfuko wa mchele, bidoni, yaani dumu, ya mawese, nguo za mtoto, na kuku mmoja mwenye hasira. Ya pili ya motari, dereva wa kukodi, aitwaye Bahati, kwa ajili yangu. Mimi kukaa nyuma ya mkwe wangu? Thubutu!

Tulitoka alfajiri. Saa mbili hivi tukaanza kupishana na watu wanaorudi kutoka shamba, majembe begani, wanatembea haraka. Nikadhani kuna msiba. Tuliposimama nikamuuliza mama mmoja, "Nani amekufa?"

Akacheka. "Hakuna mutu, mama. Ni jua. Siku hizi tunalima tangu majogoo, saa mbili tunakimbia. Ukichelewa, kichwa inakuuma, na jioni unapiga watoto bure."

Mbele kidogo tulisimama kula. Mama muuzaji aliniwekea wali na sombe ya majani ya mihogo mezani mbele ya nyumba. Mkwe wangu akachukua sahani yake akaenda nyuma ya jiko. Yule mama akabaki anatembea katikati yetu, chumvi huku, maji kule, uso umeingia wasiwasi. Mwishowe akainama sikioni kwangu.

"Mama, musamehe. Mutoto ni mutoto, hata akikosa."

"Hajanikosea kitu."

"Basi ju ya nini anakula kule peke yake, na moshi?"

"Ni mukwe wangu."

"Yesu na Maria!" Akajipiga paji la uso, akakimbia kumwongezea samaki. Kwa maoni yake mwanaume mwenye heshima ya namna ile asipewe kichwa cha samaki peke yake.

Bahati alicheka mpaka akapaliwa. Mimi pia nilikuwa nacheka simu ilipolia, ya mwisho kabla ya rezo, mtandao wa simu, kukatika. Alikuwa wifi yake Feza. "Mama, uchungu umeanza. Kidogo kidogo, lakini umeanza." Nilisimama na tonge mkononi, nikasema twende, twende.

Mwavuli

Saa tano kichwa kilianza kunigonga. Mimi ni mtu wa hasira, mnanijua, lakini hasira zangu huwa na sababu. Siku ile zilikuja zenyewe tu. Nilimchukia Bahati kwa kupiga mluzi. Niliichukia shingo yake. Ili nitulie nikajaribu kuimba moyoni wimbo wetu wa kuingilia, ule wa kila Jumapili, na ubeti wa pili ukanipotea wote. Miaka thelathini nauimba! Nikaogopa, na ule woga ukazidi kunikasirisha.

Nikafungua mwavuli wangu.

"Mama, funga hiyo," Bahati akasema.

"Nifunge? Kichwa inayoungua ni yako?"

"Upepo itatuangusha."

"Upepo gani? Leo uko unaona upepo wapi? Hata jani halitikisiki!"

Kumbe pikipiki inatengeneza upepo wake yenyewe. Tulipoanza kushuka kilima mwavuli ukavuta, mimi nikaung'ang'ania, Bahati akapinda kulia, pikipiki ikaenda kushoto, na sote tukalala kwenye majani marefu kando ya barabara. Hakuna aliyeumia. Siku nyingine tungecheka mpaka Lusangi, kijiji kilichokuwa mbele yetu. Siku ile tulisimama juani tukapigiana kelele, mpaka mkwe wangu aliyekuwa akitufuata akageuza uso ili asisikie maneno ya mama mkwe wake. Nilimwita Bahati mjinga. Mimi, niliyefundisha watoto maisha yangu yote bila kumwita hata mmoja hivyo! Naye alinijibu maneno ambayo sitayaandika.

Kwenye njia panda tukakuta wachuuzi wawili wanatafuta pikipiki ya kwenda Salamabila, kwenye dhahabu. Bahati akateremsha kikapu changu.

"Mama, jua peke yake nimeweza kubeba. Jua pamoja na mudomo yako, hapana."

Akapakia wale wawili, huyoo, akaenda zake. Nilitaka kumwomba radhi, lakini nilikuwa bado natafuta maneno, na vumbi lake lilikuwa limeshatua.

Kwa miguu, hatua thelathini katikati yetu

Tukabaki watatu: mimi, mkwe wangu na kuku. Tulingoja. Hakuna pikipiki iliyopita. Zote za njia ile zilikuwa zimevutwa na Salamabila. Na mbele yetu ilisimama pikipiki nzima, ina mafuta, ina kiti cha watu wawili, na Feza yuko kwenye uchungu. Mtu yeyote mwenye akili angepanda. Sisi tuliitazama, kila mmoja akimngoja mwenzake aseme neno la akili, na hakuna aliyesema.

"Nitatembea," nikasema. "Lusangi si mbali. Wewe tangulia na mizigo, unitafutie pikipiki nyingine kule."

"Hapana, mama. Nimuache mama peke yake mu barabara? Na mama akitembea, mimi nitakaa juu ya pikipiki kama nani?"

Basi tukaanza. Mimi mbele na kikapu na mwavuli. Yeye hatua thelathini nyuma yangu, anasukuma pikipiki, mchele, mawese na kuku, amevaa koti lake zito la safari na kofia yake ngumu. Kuvua koti mbele ya mama mkwe? Haiwezekani.

Kijito cha kwanza tulikuta mawe tu. Cha pili tulikuta mawe na chura mmoja. Mimi nilikuwa na chupa yangu. Nikisikia kiu naingia nyuma ya kichaka, nakunywa, natoka. Yeye alikuwa na kibidoni cha maji kimefungwa kwenye usukani. Kila baada ya muda mfupi nilimhurumia, nikageuka kumtazama.

"Unaweza?"

"Naweza, mama."

"Maji umekunywa?"

"Siko na kiu, mama."

Naendelea. Nageuka tena. Huruma yangu ile, ndugu zangu, nilijisifu kwayo. Nilijiambia, Veronika, si mama mkwe wote wanaojali hivi.

Saa saba nilimsikia anaongea. Nikadhani amekutana na mtu. Kumbe alikuwa anaibembeleza pikipiki. Kisha akaimba kidogo. Halafu sauti kubwa, si ile yake ya kila siku:

"Veronika! Veronika, ningoje!"

Jina langu! Hata marehemu mume wangu mbele za watu aliniita Mama Justini. Nikageuka na hasira zote za tangu asubuhi. Nikamwambia akome, mimi si rika lake, mafundisho ya bibi yake ameyatupa wapi, au amengoja mpaka mwanangu yuko kitandani ndipo anidharau? Alinitazama, lakini macho yake yalipita pembeni yangu. Nikampa mgongo, nikaongeza mwendo. Nilitembea vizuri kabisa, nimekasirika, kama hatua hamsini. Ndipo nikasikia pikipiki inaanguka na kuku anapiga kelele.

Niliporudi nilimkuta ameketi katikati ya barabara, miguu ameinyoosha kama mtoto anayechezea mchanga. Midomo imepasuka. Uso mkavu, hauna hata tone la jasho.

"Barabara inapanda juu," akaniambia kwa upole. "Feza iko wapi?"

Nilijua ni nini. Miaka yangu ya mwisho shuleni, jua lilipoanza kuzidi, watoto walikuwa wakianguka kwenye mstari, na mwuguzi alikuja kutufundisha: mtu mwili unawaka, anasema ovyo, usingoje. Mpeleke kivulini, mvue nguo, mwagie maji. Nilijua yote hayo. Na bado nilisimama pale, mkono wangu umekaribia kabisa bega lake, nikashindwa kumgusa. Naona aibu kuandika, lakini ndivyo ilivyokuwa.

Akatokea mama mmoja na beseni la maji kichwani. Jina lake nililijua baadaye, Mama Zaina, wa kijiji cha jirani; vijito vimekauka, kwa hiyo maji anayafuata mbali, saa nzima kwenda, saa nzima kurudi.

"Ni mutoto wako?"

"Ni mukwe wangu."

"Ooh." Akatua beseni, akageukia pembeni kwa heshima. Kisha akageuka tena. "Basi wewe funga macho. Mimi nitamuvuta."

Akamvuta. Hakusogea hata kidogo. Nimeshawaambia kuhusu mabega. Mama Zaina akasimama anahema.

"Mama," akasema, "wazee waliweka hii desturi wakati jua ilikuwa na adabu. Leo jua haina adabu. Kuja ushike miguu, ao ukamuzike mukwe wako."

Kuzika. Neno lile liliniingia mwilini. Nikamwona Feza kitandani, ananinyooshea mkono, na mimi nimemletea mchele, mawese na kuku, bila mume. Nikalitaja jina la mkwe wangu kwa sauti, mara tatu. Nikamshika kwapani nikavuta.

Tulimfikisha chini ya mchikichi uliokuwa na kivuli cha nusu mtu. Nusu nyingine tukaisitiri kwa mwavuli. Nikavua kofia. Nikavua koti. Nikavua shati, vifungo viwili vikaruka. Nikalowesha kitenge changu kwenye lile beseni, nikamfunika shingo, kwapa, kifua. Mama Zaina alipepea kwa kifuniko cha kikapu changu, na hakusema neno juu ya maji yake yaliyokuwa yanakwisha. Kikikauka kitenge, tunalowesha tena. Kichwa chake kilikuwa mapajani mwangu. Nilisali, na katikati ya sala nilimgombeza pia.

Hatimaye macho yakanitafuta, yakanipata. Kisha akatambua kichwa chake kiko wapi.

"Aah! Mama! Nisamehe!" Akataka kuruka.

"Lala chini!" nikasema kwa sauti ya darasani. Akalala. "Kunywa."

"Mama, mbele ya..."

"Kunywa!"

Akanywa, kifuniko kwa kifuniko, macho ameyafumba kwa haya. Na mimi nikanywa mbele yake, tuwe sawa.

Mama Zaina akakaa chini, akajifuta uso. "Huyu si wa kwanza," akasema. "Bwana yangu jua ilimupiga shamba, akarudi nyumba kugombana na mbuzi."

"Nani alishinda?"

"Mbuzi."

Nikacheka mpaka machozi, na sijui machozi yale yalikuwa ya nini. Mkwe wangu pia alitabasamu, macho bado amefumba.

Kuingia Lusangi kwa kipoyi

Mama Zaina aliwaita kaka zake. Wakakata miti miwili, wakafunga kitenge changu kingine, wakatengeneza kipoyi, na mkwe wangu akabebwa mabegani kama mtemi, analalamika njia yote kwamba anaweza kutembea. Kijana mmoja alisukuma pikipiki. Mimi nilitembea pembeni nikimpa maji na kumkataza kuongea.

Jua lilikuwa linapoa tulipoingia Lusangi. Mama wa nyumba ya kwanza aliona kipoyi, aliona mimi na uso wangu, akaweka mikono kichwani akaanza kulia. Wa nyumba ya pili akampokea. Tulipofika nyumba ya tano tulikuwa na msiba kamili nyuma yetu, na hakuna aliyeuliza marehemu ni nani. Mkwe wangu ilibidi akae na kuinua mkono.

"Niko muzima, wamama. Asante."

Walikimbia! Mmoja akaacha kiatu.

Mwuguzi wa kituo cha afya alikuwa mzee mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi. Alimpima, akamwekea dripu, akachukua daftari.

"Leo amekunywa maji kiasi gani?"

"Mchana wote? Sijui."

"Amekula nini?"

"Sijui."

Akashusha miwani. "Mama, mumesafiri pamoja tangu asubuhi, na haujui?"

"Ni mukwe wangu."

Mzee akafumba macho kidogo. "Ah," akasema. "Basi ugonjwa nimeuona." Na akaandika kitu kirefu kwenye daftari, ningependa sana kujua ni nini.

Akakataza mgonjwa wake kuendesha pikipiki kabla ya asubuhi, na asubuhi yenyewe kabla jua halijapanda. Asubuhi! Nilipanda kichuguu nyuma ya kituo, mahali pekee penye rezo, na unapaswa kunyoosha mkono juu kisha upige kelele. Feza alishika simu mwenyewe.

"Mama, uko wapi?"

"Lusangi. Jua limempiga mume wako kidogo. Amepata dawa, sasa anakula wali."

"Mama, umejuaje kama anakula?"

"Namuona."

Niliwasikia wanawake waliokuwa naye wakiuliza kuna nini, maana Feza alikuwa anacheka, anacheka na kugumia kwa pamoja. "Mukunga anasema bado, labda kesho," akasema. "Njoo, mama. Nitabana."

"Hakibanwi kitu hicho, wewe mtoto!"

"Basi fanya haraka."

Usiku huo nililala robo ya usiku tu. Mwaka juzi nilishindwa na matope. Nililala nikisema moyoni, si mara ya pili, Mungu wangu, si mara ya pili.

Lusangi hadi Kabambare, mikono tumboni

Alfajiri alikuwa amesimama kando ya pikipiki, macho chini. Mwuguzi alikuwa amemkagua mara mbili, amempa maji ya chumvi na sukari ya njiani, na amenipa mimi amri ya kumnywesha kila kijiji. Hakuna aliyeuliza nitapanda nini. Nilikunja kitenge, nikapanda nyuma. Kichwa nimeshakishika, tumbo ni nini?

Mwanzo nilishika koti lake kwa vidole viwili, kama mtu anayeshika samaki aliyeoza. Shimo la kwanza likanifundisha adabu. Shimo la pili nilimkumbatia mazima.

Kwenye kijiji kimoja tulipita shule ambapo watoto walikuwa wanakimbia na kuruka uwanjani, na ilikuwa saa kumi na mbili tu. Mwalimu wao alitueleza tuliposimama kunywa maji: zamani michezo ilikuwa saa nne, lakini saa nne siku hizi watoto wanatapika na kupigana, na baada ya hapo hesabu hawaelewi hata kidogo. Kwa hiyo sasa wanacheza kabla ya jua kuamka, halafu ndipo wanasoma. Nilimpa mkono. Mwalimu mzuri namjua nikimwona.

Tulipoendelea, mkwe wangu akaanza kusema. Nadhani aliweza kwa sababu hatukuwa tunaonana uso.

"Mama, jana ile maji..."

"Sema, baba."

"Sikukataa kunywa. Nilitaka sana. Lakini kila nikifungua bidoni, mama anageuka."

Pikipiki ikapanda kilima, ikashuka. Kila nilipogeuka kwa ile huruma yangu nzuri, mtu alikuwa anateremsha maji kutoka mdomoni. Mara ngapi niligeuka? Nusura nimuue kwa kumwangalia.

"Nisamehe, mwanangu," nikamwambia mgongoni.

"Na mama anisamehe ile jina. Nilikuwa sijijui."

"Ulilitamka vizuri," nikasema. "Watu wengi wanalikosea."

Mabega yake yakatikisika. Nikajua anacheka, kwa sababu tumbo lake lilikuwa mikononi mwangu.

Kabambare

Tuliingia saa tatu. Wote walituona: wenye maduka, wenye kukaa barazani, wamama wa mihogo. Nilisikia mtu akisema, "Ule si mama wa Feza?" na mwingine akajibu, "Nyamaza, angalia kwanza." Sikuachia. Barabara ya mle mjini ndiyo mbovu kuliko zote.

Mlangoni mwa maternite, nyumba ya kujifungulia, alisimama mkwe mwenzangu, Bi Mariamu, mama wa kijana. Alituona, akafunika mdomo kwa mtandio. Niliteremka nikamwendea.

"Bado," akaniambia haraka. "Anakungoja."

Nilinawa mikono mpaka viwiko na nikaingia. Feza alikuwa amelowa jasho, chumba kina joto la jiko, mkunga anampepea kwa daftari. Aliponiona alinyoosha mkono tu, na mimi nikaushika. Wanawake mnajua yaliyofuata, na wanaume hayawahusu. Nitasema tu kwamba aliniminya mpaka vidole vikafa ganzi, na sikumwachia. Mtoto alipotoka kukawa na kimya kidogo. Feza alinitazama usoni, mimi nikamtazama mkunga. Kisha mtoto akalia. Alilia kwa hasira, kelele nyingi kabisa, na mkunga akasema, "Huyu anafanana na nani?" Mimi na Feza tulikuwa tunalia kwa sauti kumshinda.

Mtoto wa kike.

Baadaye wakanipa nimtoe nje aonekane. Uani walikuwa wamesimama watu wa upande wao wote, wajomba, mashangazi, na mkwe wangu nyuma kabisa kwenye kivuli cha ukuta, shati lake halina vifungo viwili. Kwa desturi yetu mtoto hatoki mikononi mwa mama mkwe kwenda kwa baba yake moja kwa moja. Lazima apite kwa mtu wa katikati. Bi Mariamu alijua kazi yake. Akasogea mbele, akafungua mikono apokee. Nikamwambia, "Samahani, dada," nikampita. Nikaenda mpaka ukutani, nikamwita mkwe wangu kwa jina lake mbele ya ukoo wake, naye akainua macho.

"Shika mutoto wako," nikamwambia. "Hapana hivyo, utamuangusha. Weka mukono chini ya shingo."

Hakujua namna. Nikaushika mkono wake nikauweka mahali pake, na tukasimama hivyo, viganja vyetu pamoja chini ya kile kichwa kidogo.